Kutoweka kwa Duka la Kanda: Historia Fupi na Funzo Lake kwa Walimu wa Kiswahili

Utangulizi

Msafiri atokaye Musanze kwenda Gisenyi hufika Mahoko kabla hajaliona Ziwa Kivu. Mahoko ni kituo cha biashara katika tarafa ya Kanama, wilaya ya Rubavu, magharibi mwa Rwanda. Kina soko linalojulikana sana katika sehemu hizo, barabara kuu hukipitia, na mto Sebeya hauko mbali nacho. Wasomaji wengi walilisikia jina la mto huo mwezi wa Mei 2023, ulipofurika na kuleta maafa makubwa katika wilaya hiyo. Mwendo wa saa chache kwa miguu kutoka hapo ndipo ulipo mpaka wa Kongo, na ng'ambo ya mpaka ni Goma, mji ambao Kiswahili ndicho lugha ya soko, ya nyumbani na ya njiani.

Tumeanza na Mahoko kwa sababu mabadiliko tunayokusudia kuyaeleza huonekana vizuri zaidi katika vituo vidogo kama hiki kuliko katika miji mikuu. Mtu wa kituo kama hiki atakaye kutazama filamu leo ana njia mbili. Ya kwanza ni kumwendea kijana mwenye kompyuta, akampa simu yake ajaziwe filamu kadhaa kwa malipo madogo. Ya pili ni kununua kipimo cha intaneti na kuitazama filamu moja kwa moja katika simu. Miaka thelathini iliyopita hakuna hata moja kati ya njia hizo iliyokuwapo. Filamu ilikuwa kitu cha kushikwa mkononi: kilikaa katika kanda, kanda ilikaa dukani, na duka lilikuwa na mwenyewe.

Je, ni kitu gani kilicholiondoa duka hilo? Wengi hujibu kwa neno moja: utiririshaji. Jibu hilo si la uongo, lakini ni fupi mno. Katika makala haya tutajaribu kuonyesha kwamba katika Afrika Mashariki duka la kanda lilikuwa limekwisha dhoofika kabla utiririshaji haujafika. Tutaonyesha pia kwamba lilipoondoka liliondoka pamoja na mtu mmoja aliyekuwa mwalimu wa lugha bila ya kuitwa mwalimu.

Kanda ilivyoingia

Kampuni ya Sony ya Japani ilitoa kanda za Betamax mwaka 1975. Mwaka uliofuata, 1976, kampuni ya JVC ya nchi hiyohiyo ilitoa kanda za VHS, nazo ndizo zilizoshinda katika mashindano baina ya aina hizo mbili. Mwaka 1977 George Atkinson alifungua duka la kukodisha kanda katika mji wa Los Angeles, Marekani, na biashara hiyo ikaenea haraka. Sababu yake ni rahisi kufahamika. Kanda moja iliyorekodiwa iliuzwa kwa bei kubwa, na mtu mmoja hana haja ya kuitazama filamu ileile kila siku. Mwenye duka akiinunua mara moja aliweza kuikodisha mara nyingi, na faida yake ikapatikana katika mzunguko huo.

Katika nchi zetu kanda zilifika katika miaka ya 1980, na zilikuta hali zinazotofautiana. Kenya ilikuwa na televisheni tangu mwaka 1962. Zanzibar ilianzisha yake katika miaka ya 1970, lakini Tanzania Bara ilikaa bila televisheni hadi mwaka 1994. Rwanda ilipata televisheni ya taifa mwaka 1992. Kwa hiyo, mahali pengi mashine ya video iliingia nyumbani kabla ya matangazo yenyewe. Kwa watu wa sehemu hizo kioo cha televisheni hakikuwa chombo cha kupokelea habari kutoka mji mkuu. Kilikuwa chombo cha kutazamia kanda. Filamu za Kihindi, za ngumi kutoka Hong Kong, na za vita kutoka Marekani zilijulikana kabla ya watangazaji wa nyumbani hawajajulikana.

Duka la kukodisha lilikuwa na taratibu zake. Mteja aliacha kitambulisho au amana ya fedha. Jina lake na jina la filamu viliandikwa katika daftari, kwani mali bila daftari hupotea bila habari. Alitakiwa kuirudisha kanda mwanzo wake kabla ya kuileta, ama sivyo hutozwa faini. Na akichelewa, hutozwa faini nyingine. Mwenye duka alikuwa ni kama mkutubi: alijua nani hupenda mapenzi na nani hupenda mapigano, akamwekea kila mtu akiba yake chini ya meza.

Hapa mwalimu anaweza kusimama kidogo na kuwakumbusha wanafunzi tofauti ya maneno matatu yanayochanganywa mara nyingi. Anayetoa kanda kwa malipo hukodisha. Anayeichukua kwa malipo hukodi. Na anayeichukua kwa jirani bila ya malipo huazima. Maduka hayo yaliitwa mahali pengi maktaba za video, ingawa maktaba huazimisha vitabu na duka lilikodisha kanda. Jina lilikopwa kwa heshima yake tu.

Kibanda na mfasiri

Hata hivyo, kukodi kanda kulimfaa yule aliyekuwa na mashine na umeme nyumbani, na watu wa namna hiyo walikuwa wachache. Wengi walitazama kwa pamoja. Mwenye mashine aliweka mabenchi katika chumba, akafunika madirisha kwa turubai, akatoza kiingilio. Tanzania vyumba hivyo viliitwa vibanda umiza, jina linalotueleza vya kutosha juu ya joto na msongamano uliokuwamo ndani yake. Uganda viliitwa bibanda, ambalo ni neno lilelile likiwa limevaa kiambishi cha Kiganda. Kibanda kilikuwa mteja mkubwa wa duka la kanda, na mahali pengi kibanda na duka vilikuwa mali ya mtu mmoja.

Katika kibanda ndimo alimotokea yule mwalimu tuliyemtaja. Filamu zilikuwa za Kiingereza, Kihindi au Kichina, na watazamaji hawakuzijua lugha hizo. Basi akasimama mtu mbele yao akawaeleza maneno ya wahusika kadiri picha zinavyokwenda. Dar es Salaam Derek Gaspar Mukandala, aliyejulikana kwa jina la Lufufu, alijipatia sifa kubwa kwa kazi hiyo. Baadaye sauti yake ilirekodiwa juu ya filamu zenyewe, kanda hizo zikauzwa na kukodishwa. Uganda kazi hiyo ilianza mwishoni mwa miaka ya 1980, na wafasiri wake huitwa viijei hadi leo. Rwanda filamu za namna hiyo huitwa agasobanuye, kutokana na kitenzi cha Kinyarwanda gusobanura, yaani kueleza. Thomas Nkusi, aliyejulikana kama Yanga na aliyefariki mwaka 2022, ni miongoni mwa walioipa kazi hiyo jina nchini humo.

Ni kosa kumwita mtu huyu mkalimani na kuishia hapo. Mkalimani hutakiwa kufikisha maneno ya mwingine bila kuongeza wala kupunguza. Mfasiri wa kibanda aliongeza, alipunguza, alikemea, alionya. Shujaa wa Hong Kong alipewa jina la mtaani, polisi wa New York alitumwa kwenda kwenye kituo cha mabasi kinachojulikana na kila mtu chumbani, na adui alipojificha nyuma ya mlango watazamaji walidokezewa mapema. Tukitafuta ndugu zake katika fasihi yetu, tutampata kwa mtambaji wa hadithi wala hatutampata katika ofisi ya tafsiri. Wapo walioiona kazi yake kuwa ni kuharibu filamu. Lakini watazamaji wenyewe walipanga mstari kwa ajili ya sauti yake, na mara nyingi walichagua filamu kwa kuuliza kwanza ni nani aliyeifasiri.

Kiswahili cha filamu katika Rubavu

Kuanzia miaka ya 1990, na hasa baada ya mwaka 2000, Dar es Salaam ilianza kutoa filamu zake yenyewe kwa wingi. Filamu ya Girlfriend ya mwaka 2003 hutajwa mara kwa mara kuwa ndiyo iliyofungua mlango. Steven Kanumba, aliyefariki tarehe 7 Aprili 2012, alifahamika mbali nje ya mipaka ya Tanzania. Kwa kanda, na kisha kwa sahani, filamu hizo zilisafiri pamoja na bidhaa nyingine hadi nchi za Maziwa Makuu.

Jambo hili lina uzito wa pekee kwa wilaya kama Rubavu. Nchini Rwanda Kiswahili kilikuwa kwa muda mrefu lugha ya wafanyabiashara, ya madereva, na ya Waislamu wa mitaa kama Nyamirambo mjini Kigali. Mtoto wa huko huzaliwa katika Kinyarwanda, na shuleni amefundishwa kwa Kifaransa au kwa Kiingereza kulingana na sera ya wakati wake. Kiswahili alikipata wapi? Mkazi wa Gisenyi na viunga vyake alikipata kwanza mpakani. Lakini Kiswahili cha Goma kina sura yake: huko watu ni batu na vitu ni bintu. Sauti za Kiswahili cha pwani na cha Dar es Salaam, zenye upatanisho wa ngeli kama uandikwavyo vitabuni, hazikusikika sokoni. Zilisikika redioni na katika filamu.

Hatusemi kwamba filamu ilifundisha sarufi. Ilifundisha kitu ambacho sarufi haiwezi kukifundisha peke yake: namna mama anavyomgombeza mwanawe kwa Kiswahili, namna mdaiwa anavyomkwepa mdai, namna mtu anavyoomba radhi, anavyobembeleza, anavyopiga chuku. Rwanda ilipoingia katika Jumuiya ya Afrika Mashariki mwaka 2007, na ilipokifanya Kiswahili kuwa mojawapo ya lugha zake rasmi mwaka 2017, mwalimu aliyeingia darasani hakukuta ubao mtupu. Aghalabu alikuta wanafunzi wenye masikio yaliyokwisha zoezwa, ingawa hawakuweza kuandika sentensi tatu bila ya kosa.

Anguko la ng'ambo

Sasa na tuangalie jinsi duka lilivyoanguka. Mfano unaotajwa duniani kote ni wa kampuni ya Blockbuster, iliyoanzishwa Dallas, Marekani, mwaka 1985. Kufikia mwaka 2004 ilikuwa na maduka yapatayo 9,000. Mwezi wa Septemba 2010 iliomba ulinzi wa mahakama kwa sababu ya kufilisika. Leo limebaki duka moja tu lenye jina hilo, katika mji wa Bend, jimbo la Oregon.

Mshindani wake, kampuni ya Netflix, ilianzishwa mwaka 1997 kwa kupeleka sahani kwa njia ya posta, na utiririshaji iliuanza mwaka 2007. Hapo msomaji makini atauliza: miaka mitatu ya utiririshaji iliwezaje kuliangusha jengo kubwa hivyo? Ukweli ni kwamba haikuliangusha peke yake. Posta ilikuwa imekwisha wachukua wateja waliochoshwa na faini za kuchelewa. Mashine za kukodisha sahani ziliwekwa penye milango ya maduka ya vyakula. Na kampuni yenyewe ilikuwa imebeba madeni makubwa. Utiririshaji ulilizuia duka lisiinuke tena. Wanafunzi wa historia na wakumbuke kwamba tukio lililotangulia si lazima liwe ndilo sababu, na sababu iliyo maarufu si lazima iwe ndiyo ya kwanza.

Anguko la kwetu

Kwetu mambo yalikwenda kwa njia nyingine, hatua kwa hatua.

Hatua ya kwanza ilikuwa sahani. Sahani ya video, na kisha ya dividii, ilikuwa nyepesi, ya bei nafuu, na rahisi kunakiliwa. Mara zikatokea sahani zilizobeba filamu nyingi kwa pamoja, zikiuzwa kando ya barabara kwa bei ambayo mtu hakuona haja ya kukodi. Kwa nini akodi kwa siku moja kitu anachoweza kukinunua kikawa chake? Hapo ndipo duka lilipopata jeraha la kwanza, na jeraha hilo halikutokana na intaneti hata kidogo.

Hatua ya pili ilikuwa flashi na kadi ya simu. Mwenye duka mwerevu aliuza rafu zake akanunua kompyuta. Tangu hapo hakukodisha tena kitu, alinakili. Tanzania kazi hiyo huitwa kurusha: pahala pengi utaona kibao kisemacho kwamba hapa hurushwa nyimbo na filamu. Daftari la wateja lilikwisha, kwani hakuna kilichotakiwa kurudishwa.

Hatua ya tatu ndiyo intaneti ya kasi. Waya za chini ya bahari ziliifikia pwani ya Afrika Mashariki mwaka 2009 na 2010. Rwanda ilitandaza mtandao wake wa nyuzi za kioo nchini katika miaka hiyohiyo, na mwezi wa Novemba 2014 ikazindua huduma ya 4G. Netflix ilifungua milango yake kwa takriban nchi zote za Afrika mwezi wa Januari 2016. Lakini katika kituo kama Mahoko chombo kikubwa cha utiririshaji si Netflix, inayotaka malipo ya kila mwezi na kadi ya benki. Ni YouTube, isiyodai ada. Huko ndiko mtazamaji anakoona michezo ya Kinyarwanda kama Papa Sava, na huko ndiko filamu nyingi za Kiswahili zilikohamia. Hatimaye, mwezi wa Machi 2020, maradhi ya korona yalizifunga kumbi za mikusanyiko. Watu waliokuwa wakitazama pamoja walizoea kutazama kila mtu peke yake, na mazoea hujenga tabia.

Faida na hasara

Haitufai kulilia duka kana kwamba lilikuwa halina ila. Nyingi ya kanda zake zilinakiliwa bila ya idhini, na mwenye kuitunga filamu hakupata hata senti. Vibanda vingine viliwapokea watoto saa za masomo na kuwaonyesha yasiyowafaa. Zaidi ya hayo, utiririshaji umemfungulia mtunzi wa Kiswahili njia ambayo duka halikumpa: kijana wa Tanga au wa Goma aweza kuionyesha kazi yake duniani bila kumwomba msambazaji yeyote. Vituo vya televisheni navyo vimeendeleza kazi ya kufasiri. Mwaka 2011 tamthilia ya Kichina ya Doudou na Mama Wakwe Zake ilionyeshwa Tanzania kwa sauti za Kiswahili, na tangu wakati huo tamthilia za Kituruki na nyingine zimefuata.

Hata hivyo hasara ipo, nayo ni ya namna mbili.

Ya kwanza ni ya ujirani wa lugha. Katika kibanda watu walisikia neno pamoja, wakaulizana maana yake, wakatoka nalo wakalitumia njiani. Mwenye simu na visikizio akikutana na neno asilolijua huliruka. Tena simu humletea kile alichokwisha kukipenda jana. Aliyeanza na Kiingereza huongezewa Kiingereza, naye hatakutana na Kiswahili kwa bahati tu, kama alivyokutana nacho yule aliyeingia kibandani kwa sababu mvua ilikuwa ikinyesha.

Ya pili ni ya kumbukumbu. Kanda za wafasiri wa zamani zinaoza. Ukungu huzishika, sahani huchubuka, na mashine za kuzichezea hazitengenezwi tena. Sehemu kubwa ya kazi hizo haikupelekwa kwenye maktaba yoyote, kwa kuwa zilihesabiwa kuwa ni vitu vya mtaani. Hivyo hazina ya Kiswahili kisemwacho cha miongo miwili au mitatu, pamoja na mizaha yake, misimu yake na matusi yake yaliyostahiwa, yaweza kupotea tukitazama.

Maneno yenyewe

Lugha imekwisha andika historia hii kwa njia yake. Kupakua ni kitenzi cha jikoni: ni kutoa chakula chunguni na kukitia katika sahani. Leo hutumika kwa kuchukua filamu katika intaneti na kuiweka katika chombo chako. Kutiririsha kunatokana na kutiririka, mwendo wa maji membamba yasiyokatika. Maneno haya mawili yamechaguliwa vema, kwa kuwa yanatufundisha tofauti yenyewe. Aliyepakua ana chakula sahanini mwake. Aweza kula sasa au kesho, na aweza kumgawia jirani. Aliyetiririsha ana maji yanayopita. Siku kampuni itakapoiondoa filamu, au kipimo cha intaneti kitakapokwisha, hatabaki na tone.

Wajibu wetu

Tunapendekeza mambo matatu yasiyohitaji fedha nyingi. Kwanza, kila mwalimu aulize katika mtaa wake ni nani aliyekuwa na duka au kibanda, na kanda zake ziko wapi. Zinazofaa zinakiliwe na kuhifadhiwa chuoni au katika maktaba, kwa kufuata haki za wenyewe. Pili, wazee wa kazi hiyo wahojiwe wangali hai, kwani baadhi ya vinara wake wamekwisha tutoka. Tatu, kazi yenyewe iletwe darasani. Mwalimu achukue kipande cha filamu cha dakika tano, azime sauti, awaachie wanafunzi wafasiri kwa zamu mbele ya wenzao. Mwanafunzi wa Rubavu afanyaye zoezi hilo atalazimika kutafuta kitenzi kinachofaa kwa haraka, kuchunga upatanisho wa ngeli, na kumchekesha msikilizaji, yote kwa wakati mmoja. Wenzake watamsahihisha bila ya kungojea mwalimu.

Hitimisho

Duka la kanda limekwisha, na halitarudi. Liliuawa na sahani, likazikwa na flashi, na utiririshaji ukaja kupanda majani juu ya kaburi. Mwenye duka wa zamani hana haja na huruma yetu. Wengi wa wenzake wamekwisha geuza biashara, nao ndio wajazao simu zetu leo. Anayehitaji kuangaliwa ni yule aliyekuwa akisimama mbele ya mabenchi, mgongo wake kwenye kioo, akiwaeleza watu kwa Kiswahili mambo ya nchi wasizozijua. Kazi yake imebaki bila mtu katika vituo vingi, na walimu ndio walio karibu zaidi kuipokea.